Mnyororo Ambao Masta Dayal Hakuuvuta

Wasifu wa marehemu Nathaniel Dayal (1951–2019), unaosomwa na bintiye Nirmala katika makaburi ya Dhaurahi, Alhamisi, tarehe 24 Januari 2019

Padri Vikas, ndugu, majirani, wafanyakazi wa reli mlioweza kuachiana zamu, na ninyi mliokuja kwa miguu katika ukungu huu, asanteni. Padri aliniomba ukurasa mmoja. Nimejaribu. Mkono umekuwa ukiandika wenyewe tangu asubuhi, na mimi nimekaa pembeni nikiutazama, kama mtu anayemsubiri fundi amalize kazi. Msiponiona nikilia msishangae, wala shangazi zangu msinifinye. Machozi hayajafika. Treni zote zimechelewa wiki hii, nayo yamo humo humo.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Machi 1951 hapa hapa Dhaurahi, katika nyumba za wafanyakazi wa reli, chumba cha mwisho karibu na pampu ya maji. Alikuwa mtoto wa pili kati ya watatu wa Mzee Yakub Dayal, mwasha taa wa stesheni, na Bi Rahel. Kazi ya Mzee Yakub ilikuwa kupanda nguzo za ishara kila jioni na taa ya mafuta mkononi, na kuzipanda tena asubuhi kuzizima. Bibi alikuwa akisema kwamba mtoto huyu hakuamka treni zilipopita, bali aliamka treni ilipochelewa. Bibi alipenda kutia chumvi, lakini hili wengi wetu tunaliamini.

Alisoma shule ya misheni Rasulganj, akienda na kurudi kila siku kwa treni. Kwa ajili ya wageni wa kaka yangu Sudhir niseme mpangilio ulivyo. Ukitoka Lucknow kuja mashariki unakutana kwanza na Sonkhar, kisha hapa Dhaurahi, kisha Rasulganj. Treni ya kila stesheni husimama kote. Treni ya haraka husimama Sonkhar na Rasulganj, hapa kwetu hupita tu ikitupulizia vumbi. Imekuwa hivyo tangu enzi za wazungu, na kila mbunge ameahidi kuisimamisha.

Siku moja, akiwa na miaka kumi, alisinzia akitoka shule. Treni ya kila stesheni ikasimama Dhaurahi, ikaondoka naye, na akazindukia Sonkhar. Stesheni masta wa hapa wakati huo alipigiwa simu, akamwambia babu, "Yakub, kuna treni ya mizigo inakuja kutoka huko. Nikimwambia dereva apunguze mwendo, mtoto atashuka mbele ya mlango wako."

Babu akajibu, "Hapana, Sahib. Treni hairudi kwa ajili ya mtu. Mtu ndiye hurudi."

Mtoto akarudi kwa miguu kando ya reli, akafika jioni na viatu mkononi. Bibi hakuzungumza na babu wiki nzima. Marehemu alipenda sana kutusimulia kisa hiki, na sisi watoto tulimwona babu kuwa mtu katili. Yeye alikuwa akikisimulia kwa fahari.

Alimaliza kidato cha mwisho mwaka 1969, akafundisha watoto hesabu kwa muda, na mwaka 1973 akafaulu mtihani wa reli. Mwaka uliofuata alipelekwa stesheni ya Kamalpur kuwa masta msaidizi.

Hapa inanibidi nieleze habari ya mnyororo, ingawa mnaijua kunishinda. Kila behewa lina mnyororo wa dharura. Ukiuvuta, breki zinakamata na treni yote inasimama. Umewekwa kwa ajili ya moto, au mtoto aliyeanguka, au mgonjwa wa kuwahishwa kwa daktari. Huku kwetu ni kengele ya kushukia. Mwanafunzi anauvuta akifika karibu na kijiji chake, harusi nzima inauvuta na ngoma zake, halafu kila mtu anatazama dari kana kwamba treni imesimama kwa mapenzi yake yenyewe.

Januari 1979, Kamalpur, asubuhi ya ukungu kama huu, abiria mmoja alivuta mnyororo ili asitembee sana. Treni ikasimama. Wengine wakaona nao ni nafasi yao, wakashukia upande usio wa kushukia. Kwenye njia ya pili ilikuwa inakuja treni ya mizigo. Marehemu ndiye aliyekwenda huko na mablanketi. Hakutusimulia zaidi ya hapo. Mama ndiye aliyetuambia kwa nini katika nyumba yetu hakukuwa na blanketi la kijivu.

Tangu siku hiyo hakuwa na mzaha na mnyororo. Aliwaambia wavutaji maneno yale yale, Kamalpur na kila alikohamishiwa, "Kutaka kwenda nyumbani si dharura. Kila mtu anataka kwenda nyumbani."

Tarehe 12 Februari 1981 alifunga ndoa na Shanti, muuguzi, binti wa Mzee Lazarus wa Sonkhar. Baada ya ibada, maharusi na wageni walipanda treni kuja huku kwa wazazi wa bwana harusi. Treni ya kila stesheni ilikuwa imekwisha pita kwa sababu padri wa Sonkhar alihubiri mno (Padri Vikas, wewe usijitie wasiwasi), wakapanda ya haraka, kwa mpango wa kwenda hadi Rasulganj na kurudi na magari. Baba mdogo wake marehemu, Barnabas, alipoona nguzo za Dhaurahi akainuka, akavuta mnyororo kwa mikono miwili, akatangaza, "Mkwe wetu hatembei!"

Treni ikasimama. Ngoma zikapigwa. Bwana harusi akashuka na suti yake, akaenda moja kwa moja hadi ofisini kwa stesheni masta wa zamu, akasema, "Andika. Barnabas Dayal, mdogo wa baba yangu. Amevuta bila dharura. Mimi ni shahidi."

"Nathaniel!" Babu Barnabas alipiga ukelele. "Nimekubeba mgongoni, nimekutafutia mke, leo hii unanikabidhi kwa polisi?"

"Kwa mke nakushukuru, Baba mdogo. La mnyororo ni jambo lingine."

Wageni wote walikuwa wamenuna, isipokuwa bibi harusi. Yeye alikuwa ameketi juu ya sanduku lake la bati jukwaani akicheka mpaka ushungi ukamteleza. Mama alikuwa akisema, "Nilijua nimeolewa na nani kabla sijaliona jiko lake." Waliishi pamoja miaka thelathini na mmoja. Mungu aliwapa watoto wawili, Sudhir na mimi. Mama alitangulia tarehe 9 Agosti 2012, naye amelala hapo, upande wa kulia wa shimo hili. Marehemu alilipia nafasi hii siku ile ile ya kumzika, na alikuwa akija kuipalilia, yake na ya Mama.

Mwaka 1990 alihamishiwa Dhaurahi. Stesheni masta wengine hupigania stesheni kubwa. Dhaurahi ilikuwa haipiganiwi na mtu, kwa hiyo aliachiwa mpaka alipostaafu mwaka 2011. Wengi wenu mlimjua hapo: kofia imenyooka, bendera ya kijani chini ya kwapa, na sauti iliyofika mpaka kwenye mashamba ya miwa. Wakati wa ukungu alilala ofisini, juu ya benchi, kwa sababu hakuwaamini watu wengine na ukungu.

Na hapo ndipo alipokutana na Ramdhari Yadav, ambaye amesimama kule nyuma na anajifanya kutazama chini. Ramdhari hupeleka maziwa Rasulganj kila siku, makopo yamening'inizwa nje ya madirisha. Kurudi alikuwa akirudi na treni ya haraka, na akifika hapa anavuta. Akishavuta anaruka, anaingia kwenye miwa na makopo yake matupu yakigongana, na marehemu nyuma yake jukwaani akipaza sauti, "Ramdhari! Kimbia, mgongo wako ninaujua!"

Halafu baada ya muda Ramdhari huyo huyo anabisha hodi nyumbani kwetu, kwa sababu maziwa yetu tulikuwa tukinunua kwake.

"Maziwa, Masta."

"Ni wewe uliyevuta leo?"

"Mimi? Mimi nimekuja na treni ya kila stesheni."

"Treni ya kila stesheni haijafika."

"Basi nitakuwa nimeitangulia, Masta. Leo ng'ombe walinipa nguvu."

Mama anapokea maziwa huku amejiziba mdomo kwa ncha ya sari. Marehemu anayatazama maziwa, anasema, "Na maji pia umeyatoa Rasulganj?" Wakaishi hivyo miaka ishirini na mmoja. Hakuwahi kumpeleka mbele ya hakimu hata mara moja, si kwa huruma, bali kwa kukosa shahidi. Dhaurahi nzima haikuwa na mtu aliyewahi kuona mkono ukivuta mnyororo. Jambo hilo lilimuuma marehemu. "Mji wa watu elfu kadhaa," alikuwa akisema, "na wenye macho hawafiki wawili."

Alipostaafu alijenga nyumba ng'ambo ya uzio wa reli, na dirisha la chumba chake akaliweka upande wa njia. Mwashi alimshauri aligeuze kwa ajili ya vumbi. Alimwambia afanye alivyoagizwa.

Novemba iliyopita alianza kulalamika tumbo na mgongo. Tulidhani ni baridi. Desemba alikuwa amepungua mpaka saa ya mkononi ikawa inapanda hadi kiwikoni. Tulimpeleka Lucknow, na huko wakatuambia ni saratani ya kongosho, na kwamba tumechelewa. Tarehe 21 mwezi huu daktari aliniita nje ya wodi akaniambia nimrudishe nyumbani, kama nyumbani ndiko anakotaka. Nilimshukuru. Nakumbuka nilimrudishia kalamu yake iliyoanguka.

Marehemu alitaka jambo moja tu, akalirudia kwa kila aliyeingia: afie kitandani kwake, dirisha likiwa wazi, asikie treni, halafu azikwe hapa kando ya Mama. Hakuomba kingine.

Treni ya kila stesheni ilikuwa imefutwa kwa sababu ya ukungu. Madereva wa magari ya wagonjwa hawakutaka kutoka mjini, na hata wangetaka, yeye asingekubali. "Nimezaliwa relini, nisije nikafia nyuma ya lori," alisema. Kaka Sudhir alipiga simu kutoka Dubai, akasema kuna watu anaweza kuwaomba ili treni ya haraka isimame Dhaurahi dakika moja. Baba aliichukua simu kutoka mkononi mwangu, akasema, "Usiombe watu," akaikata. Kwa hiyo tarehe 22, Jumanne, nilimpandisha treni ya haraka. Sonkhar hatukupata gari la kumlaza mgonjwa, kwa hiyo mpango ulikuwa kushuka Rasulganj, ambako tulikodi jipu litulete huku.

Katika behewa letu kulikuwa na askari aliyekwenda likizo na mama mmoja mwenye kapu la machungwa. Mama yule alikuwa wa kwanza kuuliza, kama ilivyo desturi, tunatoka wapi, tunakwenda wapi, mgonjwa anaumwa nini, mimi nimeolewa au la. Nilimjibu yote. Aliposikia Dhaurahi akashika shavu.

"Dhaurahi si hapo mbele? Sasa mnampeleka Rasulganj wa nini?"

"Treni haisimami Dhaurahi, Mama."

"Haisimami! Mnyororo huo ni wa kuanikia nguo?"

Askari akainuka. "Dada, wewe sema tu. Navuta mimi. Nani atanikamata, na sare hii?"

Baba alikuwa amelala, macho ameyafumba. Bila kuyafumbua akasema, "Kaa chini, kijana."

"Lakini Mzee, sheria yenyewe inaruhusu mgonjwa!"

"Mgonjwa anayekwenda kwa daktari. Dhaurahi hakuna daktari. Kuna kitanda changu."

"Basi hiyo si dharura, Mzee wangu?" mama wa machungwa akasema. Alikuwa ameanza kulia, yeye asiyetujua. "Mtu kufika kwake?"

"Kutaka kwenda nyumbani si dharura," Baba akasema. "Kila mtu anataka kwenda nyumbani."

Tulipopita kibanda cha lango la reli, nilijikuta nimesimama na mkono uko juu. Sikumbuki kuuinua. Baba alikuwa ameishika ncha ya shali yangu. Hakuivuta, aliishika tu. Nikaketi.

Treni ilipunguza mwendo kwa ajili ya ukungu, lakini haikusimama. Aliomba nimwinue dirishani. Tukaipita pampu ya maji, tukaipita nyumba yetu, dirisha lake nililiona, nilikuwa nimemwachia jirani ufunguo alifungue liwe tayari. Jukwaani alikuwa amesimama Bwana Irfan Qureshi, stesheni masta wetu wa sasa, ambaye marehemu ndiye aliyemfundisha kazi, na bendera ya kijani mkononi. Baba akauinua mkono wake, kiganja wazi, akampungia ile ishara ya kwamba yote ni salama. Halafu akasema, "Kofia yake imekaa upande."

Hayo ndiyo maneno yake ya mwisho. Irfan, kaka yangu, usijiumize, kofia ilikuwa upande kweli.

Baada ya daraja la mfereji nilidhani amesinzia. Mama wa machungwa ndiye aliyejua kabla yangu. Aliinuka, akamfumba macho, akavua shali yake mwenyewe akamfunika. Ilikuwa saa kumi kasorobo alasiri. Alikuwa na miaka sitini na saba, na nyumbani kwake kulikuwa kumebaki nyuma.

Jipu letu lilikuwa linasubiri nje ya stesheni ya Rasulganj. Dereva alitazama machela, akatikisa kichwa.

"Dada, mimi nilikubali mgonjwa."

"Ndiye huyu."

"Siye. Kesho nabeba bibi harusi kwenye kiti hiki hiki. Baba yake akisikia, nitamwambia nini?"

Ni majira ya harusi, na kila gari la Rasulganj lilikuwa na maua ya njano mpaka kwenye vioo. Nilipaswa kukasirika. Nilisimama nikiyatazama yale maua, nikafikiri tu kwamba yamefungwa vibaya na yatadondoka njiani. Binamu yangu Prakash wa Sonkhar akasema kwenye simu kwamba ana trekta na tela, na barabara ya kutoka kwake kuja huku ni nzuri. Kwa hiyo tungempandisha marehemu treni ya haraka ya kurudi, tuipite tena Dhaurahi, tumshushe Sonkhar, kisha trekta limlete. Stesheni masta wa Rasulganj, Mungu ambariki, aliomba kwa wakubwa treni isimame hapa japo kidogo. Jibu lilikuja kwamba treni zimechelewa mno na haiwezekani. Lilikuwa jibu ambalo Baba mwenyewe angelitoa.

Jeneza lilitengenezwa na seremala wa huko. Jana, Jumatano, lilipakiwa kwenye behewa la gadi, mwisho kabisa. Mimi nikapanda behewa linalotangulia hilo. Jukwaani alikuwapo Ramdhari na makopo yake matupu. Alikuwa ameambiwa. Alinishika kichwa kwa viganja vyake viwili, hakusema pole.

"Mnashukia wapi, mwanangu?"

"Sonkhar."

"Sonkhar? Mtampitisha mlangoni kwake mara ya pili?"

"Treni haisimami, Baba Ramdhari."

"Haisimami," akasema, kama mtu anayerudia bei aliyotajiwa. Akapanda nyuma yangu, akaketi ng'ambo yangu, makopo katikati ya miguu.

Tulipofika daraja la mfereji akaniangalia. Nilijua. Sikusema vuta, sikusema acha. Nilitazama dirishani, na kulikuwa na ukungu tu. Akasimama, ni mtu wa miaka sabini sasa na goti moja halikunji, akaushika mnyororo, akasubiri, maana anajua kuliko yeyote ni wapi pa kuvuta ili behewa la mwisho lisimame jukwaani. Kisha akavuta.

Treni ikapiga kelele, ikaburura, ikasimama. Pampu ya maji ilikuwa dirishani mwangu.

Polisi wa treni alikuja akihema. Behewa zima lilikuwa linatazama dari. "Sisi hatujaona kitu," bibi mmoja akasema kabla hajaulizwa. Na Ramdhari Yadav, ambaye kila siku akishavuta yuko kwenye miwa, alikuwa bado amesimama, mkono uko kwenye mnyororo.

"Nani kavuta?"

"Mimi."

Polisi akamtazama, kisha akayatazama makopo. Alimjua, nani asiyemjua. "Mzee, kimbia basi. Nina ripoti za kutosha leo."

"Sikimbii. Andika."

"Niandike sababu gani?"

"Kumshusha mtu nyumbani kwake."

"Hiyo si dharura."

"Najua si dharura!" Ramdhari alipaza sauti mpaka ikakatika. "Nimeambiwa miaka ishirini na mmoja kwamba si dharura! Aliyekuwa akiniambia yuko hapo nyuma, ndani ya sanduku. Kwa hiyo andika. Leo sitamkimbia."

Polisi akavua kofia, akajikuna. Nadhani alitafuta njia ya kututoa sote pale kwa heshima, na akadhani ameipata. "Bila shahidi siwezi kuandika, Mzee. Kuna shahidi?"

Watu wakaendelea na dari yao.

"Mimi," nikasema. "Naitwa Nirmala Dayal, mwalimu, wa hapa Dhaurahi. Nimemwona akivuta kwa macho yangu. Aliye ndani ya jeneza ni baba yangu."

Bibi yule akanitazama kana kwamba nimemtemea mate mgeni wake. Ramdhari hakunitazama hivyo. Aliinamisha kichwa polepole kukubali, akaniambia, "Ndiyo, mwanangu. Hivyo hivyo." Polisi akaandika. Mkono wangu ulitia sahihi vizuri, nami niliutazama ukitia.

Baada ya hapo kila mtu alishuka. Hao hao waliokuwa hawajaona kitu ndio waliobeba jeneza, wakipokezana, hata bibi yule alilishika kwa ncha ya vidole mpaka lilipotoka jukwaani. Bwana Irfan alikuwa amesimama mlangoni mwa ofisi. Alipotuona aliishika kofia yake kwa mikono miwili, akainyoosha. Usiku huo Baba alilala nyumbani, kitandani kwake, dirisha likiwa wazi. Treni zilipita zote.

Sijui kama Baba angefurahi. Mmekuwa mkiniuliza tangu jana, nami sijui. Ninachojua ni kwamba angeandika.

Marehemu anaacha dada yake, Bi Martha. Watoto wawili, Sudhir, aliyefika leo alfajiri kwa ndege iliyochelewa, na Nirmala. Mkwe mmoja, Reena. Wajukuu wawili, Anugrah na Roshni. Na wapwa na majirani ambao nikiwataja mmoja mmoja tutashindwa kumzika kabla ya giza.

Anamwacha pia Ramdhari Yadav wa Dhaurahi, mchuuzi wa maziwa, ambaye Jumanne ijayo atasimama mbele ya hakimu wa reli kwa kosa la kuvuta mnyororo bila dharura. Shahidi wa mashtaka ni mimi. Tutakwenda pamoja, yeye na mimi, kwa treni ya kila stesheni kama itakuwapo. Nitamweleza hakimu nilichokiona, chote, na nadhani ni huko, mbele ya watu nisiowajua, ndiko nitakakolia.

Baba, treni imesimama. Umeshashuka. Pumzika kwa amani.